UZI: Kanali Emanuel Moravec, mpinga-Hitler aliyegeuka waziri wa Wajerumani mjini Prague

#1 Mpekuzi Nyaraka

Wakuu, salaam. Wakitajwa vibaraka wa Vita Kuu ya Pili, watu humu wanakimbilia Quisling wa Norway na Pétain wa Ufaransa, Prague inarukwa kama haikuwepo. Uzi huu ni wa Kanali Emanuel Moravec, waziri wa elimu katika serikali ya Kicheki iliyofanya kazi chini ya Wajerumani, kuanzia Januari 1942 hadi Mei 1945.

Kwa nini yeye? Kwa sababu Wajerumani walikuwa na wafashisti wa Kicheki wa kumwaga, watu waliomsifu Hitler tangu zamani, na hawakuwapa kitu cha maana. Wizara wakampa mtu aliyekuwa akiandika magazetini kwamba Hitler azuiwe kwa bunduki. Ukiielewa hesabu hiyo, utawala wa Prague wa miaka ile hautakusumbua.

Amezaliwa Prague tarehe 17 Aprili 1893. Vita ya kwanza aliingia na sare ya Austria-Hungaria, akatekwa na Warusi 1915, akaishia kambi ya mateka Samarkand. Mateka wa Kislavu walikuwa na njia moja ya kutoka kambini: kujitolea kupigana upande wa pili. Akajiunga na Divisheni ya Kwanza ya kujitolea ya Waserbia, iliyopigana Dobruja 1916, baadaye akahamia Legioni ya Wachekoslovakia, jeshi la kujitolea la Wacheki na Waslovaki waliopigania nchi yao. Huo ulikuwa mtaji mkubwa, kwani Jamhuri ya Chekoslovakia ilipozaliwa 1918, aliyetoka Legioni alitangulizwa kwenye ajira za serikali na vyeo vya jeshi.

Akapanda. Akapitia Chuo cha Vita, akaongoza batalioni kule Znojmo karibu na mpaka wa Austria, 1931 akarudi Chuo cha Vita kama mhadhiri, 1933 akawa kanali. Pembeni alikuwa akiandika katika Lidové noviny, gazeti la wasomi, kwa jina la Stanislav Yester. Mwaka 1936 akachambua vita vya Mussolini kule Uhabeshi na kuviunganisha na vita vinavyoweza kuzuka Ulaya ya Kati. Wasomaji wa Prague walimchukulia kama mtu anayejua anachosema kuhusu jeshi, na kweli alikuwa anajua. Shikeni hilo, litarudi.

#2 Mzee wa Ramani

Mkuu, usiiruke 1938. Bila hiyo mtu atadhani jamaa aliamka siku moja akabadilika.

#3 Mpekuzi Nyaraka

Siiruki, Mzee.

Tarehe 23 Septemba 1938 Prague ilitangaza kuita askari wote wa akiba. Zaidi ya watu milioni 1 wakavaa sare, ngome za mpakani zikajazwa. Tarehe 30 ikaja karatasi ya Munich, mapatano ya Ujerumani, Italia, Uingereza na Ufaransa: mikoa ya mpakani (Sudeten) ianze kukabidhiwa Ujerumani tarehe 1 Oktoba. Angalieni ramani hapo. Ngome za zege zilijengwa ndani ya mikoa hiyohiyo, kwa hiyo ukikabidhi mikoa umekabidhi na ngome, na kinachobaki ni nchi tambarare isiyo na mlango. Moravec alikuwa kati ya maofisa waliomshinikiza Rais Beneš apigane hata akiwa peke yake. Beneš akakataa, akajiuzulu, akaondoka nchini. Moravec akazuiwa kuandika.

Wajerumani wakaingia Prague 15 Machi 1939. Mtu mwenye faili kama lake alitarajia kubishiwa mlango usiku. Hawakumkamata, wala hawakumpa kazi kubwa siku ya kwanza. Walianza kwa kumwacha aandike tena. Mwaka huohuo akatoa kitabu juu ya 1938, lawama zote kwa Beneš, Waingereza na Wafaransa. Wakamtembeza Ujerumani. Wakampa maikrofoni ya redio, maoni ya kijeshi na kisiasa, na kila hotuba ilizidi kumfungia njia ya kurudi. Ilipofika mwisho wa 1941 hakuwa na rafiki upande wa pili hata mmoja, na hapo ndipo anapofaa kupewa wizara: hana tena pa kukimbilia.

Nasema wazi maoni yangu: hasira yake kwa Beneš na Magharibi haikuwa ya kuigiza. Wajerumani hawakuhitaji kumtungia. Waliielekeza tu. Na hoja yake ilikuwa na sehemu ya kweli ndani yake, Munich ilikuwa usaliti kweli. Ndiyo maana ilikuwa hatari kuliko kelele za wafashisti.

#4 Kalamu ya Pwani

Shukrani mkuu. Nina swali la kiutawala. Kuna Rais Hácha, kuna waziri mkuu, kuna mawaziri Wacheki, halafu kuna Heydrich. Nani anasaini nini? Hao mawaziri walikuwa na meno au mapambo?

#5 Wakili wa Zamani

Niruhusuni hilo nilijibu mimi.

Msingi ni amri ya Hitler ya 16 Machi 1939, aliyoitoa akiwa Prague kwenyewe. Ilitangaza Himaya ya Bohemia na Moravia, yaani nchi ya Wacheki, kuwa sehemu ya Reich (dola la Ujerumani), yenye "kujitawala" kwa ndani. Juu kabisa kuna Protekta wa Reich, mwakilishi wa Hitler, wa kwanza akiwa Konstantin von Neurath. Chini yake katibu wa dola, Karl Hermann Frank, Mjerumani wa Sudeten aliyewajua Wacheki vizuri na kuwachukia vizuri. Upande wa Kicheki anabaki rais, waziri mkuu, mawaziri, polisi na ofisi za wilaya. Ulinzi na mambo ya nje vilikwenda Berlin moja kwa moja.

Kwa hiyo waziri Mcheki anasaini, lakini Protekta anaweza kupinga kanuni yoyote, na mawaziri wenyewe wanabaki kazini kwa ridhaa yake. Hadi 1941 kulikuwa na nafasi ya kuchelewesha. Waziri Mkuu Alois Eliáš, jenerali na mtu wa Legioni vilevile, alikuwa akiendesha serikali mchana huku akiwasiliana na Beneš London kwa siri. Heydrich alipofika 27 Septemba 1941 kama kaimu Protekta, Eliáš alikamatwa karibu siku hiyohiyo, na 1 Oktoba akahukumiwa kifo. Hawakumwua mara moja, wakamweka rehani hadi 19 Juni 1942.

Mabadiliko makubwa ni ya 19 Januari 1942. Jaroslav Krejčí, mwanasheria, anakuwa waziri mkuu. Wizara ya uchumi na kazi anapewa Walter Bertsch, Mjerumani. Kuwepo kwake peke yake kulitosha kugeuza lugha ya kikao kuwa Kijerumani. Baraza kama baraza likafa, kwa kuwa kila waziri sasa aliwajibika peke yake kwa ofisi ya Protekta. Hapo ndipo Moravec anapoingia, na anaingia na kofia mbili: Waziri wa Elimu na mkuu wa Ofisi ya Uelimishaji Umma. Wengi wanakosea hapa, wanasoma "waziri wa elimu" wanafikiria chaki na madaftari. Kofia nzito ilikuwa ile ya pili.

#6 Mpekuzi Nyaraka

Wakili kamaliza. Nijazie nyama upande wa wizara.

Moravec alirithi wizara ya elimu isiyo na chuo kikuu hata kimoja cha Kicheki. Vilifungwa 17 Novemba 1939 baada ya mazishi ya mwanafunzi Jan Opletal, aliyepigwa risasi kwenye maandamano ya 28 Oktoba. Viongozi 9 wa wanafunzi waliuawa, zaidi ya wanafunzi 1,200 wakapelekwa kambi ya Sachsenhausen. Tangazo lilisema vyuo vinafungwa kwa miaka 3. Miaka 3 ikapita, vikabaki vimefungwa hadi vita ikaisha. Waziri aliyejinadi kama mwalimu wa taifa hakuvifungua.

Kilichobaki ni shule za chini. Somo la historia likasimamishwa, kwa sababu historia ya Kicheki kama ilivyofundishwa tangu 1918 ilikuwa hadithi ya kujikomboa kutoka Vienna. Kijerumani kikapewa vipindi vingi, walimu wakatakiwa kuthibitisha wanakijua, wengine wakapelekwa kozi Ujerumani. Tatizo la kiutendaji liko wazi kwa yeyote aliyewahi kufundisha: ukimlazimisha mwalimu wa hesabu wa kijijini afundishe kwa moyo kitu asichokiamini, atasoma alichoandikiwa, kengele italia, basi. Huwezi kuweka Gestapo, polisi wa siri wa Wajerumani, kila darasani.

Ofisi ya Uelimishaji Umma ilikusanya magazeti, redio, sinema, tamthilia na muziki chini ya paa moja. Magazeti yalipewa maelekezo ya nini kiandikwe, kiwekwe ukurasa gani, na nini kisiguswe. Matokeo yake magazeti yote yalifanana. Msomaji wa Prague akajifunza kuyasoma kinyume: mji ukitajwa kuwa "umepangwa upya kiulinzi", anajua umeangushwa. Kwa maana hiyo ofisi ilijimaliza yenyewe. Ulichodhibiti chote, hakuna anayekiamini.

#7 Fundi Redio

Kwenye redio naomba niingie, maana watu huisahau.

Kusikiliza London ilikuwa kosa la kifo. Kila redio iliwekewa kikadi kwenye kitufe, kilichosema kumbuka kwamba kusikiliza redio za nje ni marufuku na adhabu yake ni jela au hata kifo. Kikadi hakikutosha. Ikaja amri ya pili: redio zote zipelekwe kwa mafundi, sehemu ya masafa mafupi itolewe. Fundi anakata ile sakiti, redio inabaki na masafa ya kati na marefu, yaani Prague na Berlin.

Wacheki wakatengeneza kidude walichokiita "čerčilka", kwa heshima ya Churchill. Ni koili ndogo na vikorokoro vichache, unaichomeka ndani ya redio wakati wa taarifa ya London, masafa mafupi yanarudi. Taarifa ikiisha unaichomoa na kuificha. Ilitosha mfukoni. Polisi akija anakuta redio iliyokatwa kihalali kabisa na kikadi chake. Kwa hiyo Moravec akihutubia saa fulani, nyumba ileile baadaye ilikuwa inasikiliza Wacheki wa London wakimjibu kwa jina.

#8 Bi Rehema S.

Wakuu mbona hamjagusa vijana? Kazi aliyojivunia zaidi ilikuwa Kuratorium, bodi ya malezi ya vijana wa Bohemia na Moravia. Kanuni yake ina tarehe ya 28 Mei 1942, siku moja baada ya Heydrich kushambuliwa, japo matayarisho yalikuwa ya muda mrefu. Mwenyekiti ni Moravec, mtendaji ni František Teuner. Iliwahusu vijana wa Kicheki wa miaka 10 hadi 18, na ilikuwa lazima. Vijana wa Kiyahudi walitengwa tangu mstari wa kwanza.

Mfano ulikuwa Hitlerjugend, chama cha vijana wa Hitler, lakini Mcheki hakuruhusiwa kuwa Hitlerjugend, kwa hiyo ikavikwa tai wa Mtakatifu Václav kama nembo ili ionekane ya kienyeji. Ugumu ulikuwa mahali pa kuwapata viongozi na viwanja. Chama cha mazoezi cha Sokol, kilichokuwa na kumbi nchi nzima, Heydrich alikivunja Oktoba 1941 na viongozi wake wakapelekwa kambini. Basi Kuratorium ikalazimika kupitishia "utumishi wa vijana" katika vilabu vya michezo vilivyobaki, na kuwafunza wakufunzi haraka haraka. Nini kikatokea? Klabu ya mpira inaandika kwenye ripoti kwamba imefanya utumishi wa vijana, na vijana wamecheza mpira. Kwenye karatasi ilionekana kubwa. Ndani yake sehemu kubwa ilikuwa riadha, kuogelea na gwaride.

Sisemi haikuwa na madhara. Kwa mtoto wa miaka 10 gwaride na bendera vinaingia. Ila lengo la kumgeuza Mcheki awe Mjerumani kichwani halikufika popote.

#9 Kalamu ya Pwani

Na baada ya Heydrich kuuawa? Nasikia huyu ndiye alikuwa sauti ya vitisho.

#10 Mpekuzi Nyaraka

Ndiyeye. Mfuatano uko hivi. Jozef Gabčík na Jan Kubiš, askari wa mwavuli waliotumwa kutoka London, wanamshambulia Heydrich 27 Mei 1942, anakufa 4 Juni. Zawadi ya kuwataja wauaji: Wajerumani wanatoa koruna milioni 10, serikali ya Himaya inaongeza milioni 10 zake. Yaani serikali ya Krejčí, ambamo Moravec ameketi, ililipia nusu ya bei ya vichwa vya Wacheki wenzao. Tarehe 10 Juni kijiji cha Lidice kinafutwa, wanaume 173 wanapigwa risasi papo hapo, wanawake wanapelekwa kambi ya Ravensbrück.

Kazi ya Moravec katika wiki hizo ilikuwa kuligeuza tishio la Wajerumani kuwa onyo la "mzalendo": kama hamtawatoa, taifa zima litaangamia, na wa kulaumiwa ni Beneš aliyewatuma. Akapanga mikutano ya hadhara nchi nzima, ukiwemo ule mkubwa wa 3 Julai Uwanja wa Václav, watu wakinyoosha mikono na kuapa utii kwa Reich. Picha za siku hiyo zipo. Ila msizisome kama kura. Watu walikuwa wakisikia kila siku majina ya waliouawa yakitangazwa redioni.

#11 Mzee wa Ramani

Ongezea kwamba London nao walimwekea risasi yake. Oparesheni Tin: askari wa mwavuli wawili, Jaroslav Švarc na Ludvík Cupal, walirushwa usiku wa 29 kuamkia 30 Aprili 1942, lengo kumwua Moravec. Ikaharibika wakati wa kutua. Wote wawili waliumia, wakapoteana. Mtu aliyeumia mguu, hana vifaa, hana mwenzake, hawezi kumvizia waziri mwenye ulinzi. Švarc alifika Prague na akajikuta amejificha pamoja na Gabčík na Kubiš katika kanisa la Watakatifu Cyril na Methodius, mtaa wa Resslova. Walikuwa saba mle ndani, wote wakafa 18 Juni. Cupal alidumu hadi Januari 1943, Gestapo walipomzingira akajiua.

Kungekuwa na mguu mmoja usioumia, huenda huu uzi ungekuwa mfupi.

#12 Kijana wa Kariakoo

Samahani wakuu, mimi nimechanganyikiwa. Nimesoma mahali kwamba Kanali Moravec alikuwa London anaongoza ujasusi wa Beneš. Sasa huyu tena alikuwa upande wa Hitler?

#13 Bi Rehema S.

Hapana mdogo wangu, ni watu tofauti, na wanachanganywa sana. František Moravec, kanali naye, ndiye mkuu wa ujasusi aliyeondoka Prague 14 Machi 1939 na maofisa wake, saa chache kabla Wajerumani hawajaingia, na akaongoza shughuli kutoka London. Emanuel ndiye huyu waziri.

Yuko wa tatu, na huyo ndiye wa kumkumbuka: Marie Moravcová wa mtaa wa Biskupcova, Žižkov, mama wa nyumbani aliyewaficha askari wa mwavuli. Karel Čurda, askari wa mwavuli mwenzao, alipojisalimisha Gestapo 16 Juni 1942 aliitaja nyumba yake. Alfajiri ya tarehe 17 Marie akameza sumu. Mwanawe Ata aliteswa hadi akasema, na yeye na baba yake waliuawa kambi ya Mauthausen 24 Oktoba 1942. Njia rahisi ya kutenganisha: ukikuta "Moravec" bila jina la kwanza, angalia mji. London ni František. Wizara ni Emanuel. Na mwanamke huandikwa Moravcová.

Hata Hrubý wako wawili katika kisa hikihiki: Jan Hrubý alikuwa mmoja wa wale saba waliofia kanisani, Adolf Hrubý alikuwa waziri wa kilimo aliyekaa meza moja na Emanuel.

#14 Msema Kweli Daima

Mnamwonea. Nchi ndogo, Waingereza wameiuza, Warusi mbali. Hácha naye alisaini, Eliáš naye alikaa kwenye kiti. Mbona hao mnawahurumia?

#15 Wakili wa Zamani

Ndugu, tuwapime kwa kazi walizofanya. Hácha alisaini kuiweka nchi mikononi mwa Hitler, kule Berlin, usiku wa kuamkia 15 Machi 1939 akiwa mzee mgonjwa anayetishiwa kwamba Prague itapigwa mabomu. Alibaki, akadhoofika, hadi mwisho alikuwa hajui anachosaini. Nina lawama kwake, lakini hakuwahi kukitafuta kiti kile. Eliáš alikikalia kiti ili akitumie dhidi ya waliompa. Septemba 1941 aliwaalika wahariri wanaowatumikia Wajerumani, wakala vipande vya mikate vilivyotiwa sumu. Mmoja, Karel Lažnovský, akafa Oktoba.

Moravec hana utetezi wa aina hizo mbili. Hakuna amri aliyoichelewesha wala siri aliyoivujisha London. Kuhusu hoja ya nchi ndogo, wafashisti wa kundi la Vlajka walikuwa Wacheki wa nchi hiyohiyo ndogo, na walipozidi kelele Wajerumani walilifunga kundi, kiongozi wao Jan Rys-Rozsévač akapelekwa kambi ya Dachau. Hawakuwa na faida, maana hakuna aliyewasikiliza. Moravec alikuwa na jina. Alichouza ni imani ambayo watu walikuwa nayo kwa Stanislav Yester, na bidhaa hiyo huwezi kuiuza bila kujua unauza nini.

#16 Kalamu ya Pwani

Mwisho wake?

#17 Mpekuzi Nyaraka

Tarehe 5 Mei 1945. Asubuhi redio ya Prague inaanza kutangaza kwa Kicheki bila Kijerumani, mchana mapigano yanazuka kwenye jengo la redio mtaa wa Vinohradská. Moravec akapanda gari kwenda kuhutubia watu watulie. Gari likaishiwa mafuta njiani. Akajipiga risasi. Mwanawe Igor, aliyetumikia SS, jeshi la chama cha Hitler, alinyongwa 1947.

#18 Wakili wa Zamani

Kwa wanaofuatilia upande wa mahakama: amri namba 16 ya 19 Juni 1945 iliunda mahakama za dharura za umma, namba 17 ikaunda Mahakama ya Taifa kwa vigogo. Ile serikali ilihukumiwa Julai 1946. Krejčí miaka 25, Adolf Hrubý maisha, Jindřich Kamenický wa uchukuzi miaka 10, Richard Bienert, waziri mkuu wa miezi ya mwisho, miaka 3. Josef Kalfus wa fedha alikutwa na hatia lakini hakupewa adhabu, kwa kuwa alikuwa amesaidia wapinzani. Bertsch alifungwa maisha, akafia gerezani Brno 1952. Hácha hakufikishwa mahakamani, alifia hospitali ya gereza la Pankrác 27 Juni 1945. Frank alinyongwa Pankrác 22 Mei 1946.

#19 Kijana wa Kariakoo

Na wale wadogo? Karani wa Kuratorium, mwalimu aliyesoma hotuba shuleni?

#20 Wakili wa Zamani

Hao walikwenda chini ya amri namba 138 ya 27 Oktoba 1945, "makosa dhidi ya heshima ya taifa". Haikuhitaji mahakama. Kamati ya taifa ya wilaya ndiyo iliyosikiliza, na adhabu zake zilikuwa kifungo kisichozidi mwaka 1, faini hadi koruna milioni 1, au kukaripiwa hadharani. Udhaifu wake ulikuwa kwamba kosa halikufafanuliwa sawasawa, kwa hiyo ugomvi wa jirani juu ya shamba au nyumba uliweza kuvaa nguo ya uzalendo na kufika mezani kwa kamati.